Wimbo Waliomkataza Adolphine

Wageni walifika kijijini Swima, kando ya ziwa, saa nne asubuhi, siku nne kabla ya sikukuu ya wanawake, wakamkuta Adolphine akigeuza ndagala zake, wale dagaa wadogo, juani. Walikuwa watatu. Mbele alitembea Papa Alphonse, mzee wa ukoo mwenye koti la sikukuu na kifua cha jogoo. Nyuma yake alikuja Mama Nicolas, mwanamke aliyekuwa awe mama mkwe wake kabla ya Pasaka. Na wa mwisho, ndani ya shati jeupe la ualimu, alikuwa Bonaventure mwenyewe.

Moyo wa Adolphine uliruka kwa furaha kabla akili haijauwahi. Ndivyo ulivyokuwa moyo huo, haukujua kujizuia. Tangu Bonaventure ampose rasmi mwaka uliopita, kila alipomwona ilikuwa kama anamwona mara ya kwanza: urefu ule, vidole vile vya mpiga gitaa, na lile tabasamu la upande mmoja lililomfanya asahau bei ya samaki katikati ya mnunuzi na mizani. Alikung'uta magamba mikononi, akamtupia jicho, akalisubiri tabasamu.

Tabasamu halikuja. Bonaventure alikuwa akiangalia viatu vyake.

"Karibuni," alisema Adolphine, na sauti yake ikashuka yenyewe.

Mama yake, Espérance, alitoa viti, akatoa na maji ya kunywa. Papa Alphonse alikunywa, akapangusa masharubu, akakohoa kikohozi cha mtu aliyekuja na maneno.

"Mama Adolphine, hatukukuja kukaa sana. Njia ni mubaya, na wakati huu wa vita ni mubaya kupita njia. Tumesikia habari moja kule Baraka, tukasema tuisikie mu kinywa cha mwenyewe."

"Habari gani, Papa?" aliuliza Adolphine.

"Eti tarehe nane utapanda kwenye jukwaa, mbele ya batu bote, uimbe na mwanamuke wa kule juu. Wa Bibokoboko."

"Ni kweli, Papa. Anaitwa Uwamwiza."

Jina hilo lilipotajwa, Mama Nicolas alifumba macho. Adolphine alimwonea huruma. Ulikuwa mwaka 2003, na ilikuwa mwaka wa nne tangu Nicolas, mwanawe wa kwanza, apigwe risasi njiani akienda Fizi. Siku ile bunduki zilikuwa za kila upande, wala hakuna aliyejua risasi ilitoka mkono gani. Lakini uchungu hautaki kukaa bila anwani. Uchungu wa Mama Nicolas ulikuwa umeangalia milimani, kwa wafugaji wa ng'ombe, kwa watu wenye lugha nyingine, na tangu hapo haukugeuza shingo.

"Adolphine, mutoto wangu," alisema kwa upole, na upole huo ulichoma kuliko makelele. "Mi nilikupenda. Nilimuambia kila muntu: ule binti wa Swima anajua kazi, anajua heshima, njo atanizika siku yangu. Sasa unaenda kufungulia kinywa na bale? Nicolas akikusikia kule aliko, atasema nini?"

"Mama, bwana ya Uwamwiza naye alikufa mu vita. Naye hajui nani alimuua. Tulilia wote wawili."

"Usilinganishe!" Papa Alphonse alipiga goti lake. "Na tena si ule mwanamuke peke. Maneno yenyewe ya wimbo tumeyasikia. Eti mwanamuke asimame. Eti aitwe kwa jina lake. Kwani leo hana jina? Muke wa ukoo wetu atapanda mbele ya banaume akitingisha mabega, akifundisha bibi za batu kusimama? Basi sikia, binti. Ndoa na ule wimbo havikai nyumba moja. Chagua kimoja, utuambie tukiwa hapa."

Adolphine alimgeukia Bonaventure.

"Bona. Maneno nilitunga mi na Uwamwiza. Gitaa ya ule wimbo, nani aliiweka? Ile sebene, ile sehemu ya gitaa yenye inafanya hata bazee banyanyuke mu viti, ilitoka mu vidole vya nani? Sema mbele ya mama yako."

Bonaventure alifungua kinywa. Adolphine aliuona ulimi ukijaribu, akauona na woga ukiurudisha nyuma. Wakati huo kuku mmoja aliingia kwenye ndagala, akadonoa atakavyo, na hakuna aliyemfukuza.

"Adolphine..." alisema mwisho, akikwepa macho yake. "Mama halali. Mama hakuli. Nitafanya nini?"

Kama angemtukana angejibu. Kama angempiga angelia. Lakini unyonge ule ulimwacha Adolphine mikono mitupu. Aliinuka, akafunga kitenge chake upya kiunoni, akakikaza.

"Papa Alphonse, Mama, asante kwa kutembea mbali. Nimechagua. Nitaimba."

"Mutoto!" Mama Nicolas alishika kifua.

"Mama Adolphine, unasikia binti yako?" Papa Alphonse alimgeukia Espérance. "Muonye!"

Espérance alikuwa mwanamke wa maneno machache. Alikuwa ameolewa akiwa na miaka kumi na mitano, bila kuulizwa, na sasa mjane. Alichukua kikombe mkononi mwa mzee, akamwaga maji yaliyobaki.

"Nimemusikia. Nilimusomesha ili asikiwe. Kama munataka bibi bila sauti, Papa, mule kanisani kuna sanamu."

Walipoondoka, Bonaventure aligeuka mara moja penye mti wa mchikichi. Adolphine alimwona, akarudi kwenye ndagala zake. Alizigeuza zote, moja moja, hata zile alizokuwa amekwisha kuzigeuza.

*

Wimbo wenyewe ulikuwa umezaliwa chini ya meza ya soko.

Mwaka ule wanawake ndio waliotangulia kurudi sokoni Baraka, wakati wanaume bado walikuwa wanaangaliana kwa mbali. Wa ziwani walileta samaki, wa milimani walileta maziwa, siagi na viazi. Waliuziana bila salamu nyingi. Siku moja, saa tano asubuhi, bunduki zililia upande wa barabara, na soko zima likakimbia. Adolphine alijitupa chini ya meza ya kwanza aliyoiona. Chini yake alikuwamo tayari mwanamke mrefu wa milimani, amekumbatia mtungi wake wa maziwa kama mtoto.

Hofu ilipombana, Adolphine alikuwa na desturi ya kuimba kwa pua, kimya kimya, wimbo wowote. Basi akaanza. Baada ya muda akasikia sauti ya pili, nzito, ikipita chini ya yake kama maji yanayopita chini ya mtumbwi. Waliimba hivyo mpaka milio ikaisha. Walipotoka, vumbi mpaka kwenye kope, walitazamana wakacheka kicheko cha watu wasioamini kwamba wako hai.

"Ule wimbo unaitwa nini?" aliuliza yule mwanamke.

"Sijui. Sikuwahi kuuimba mbele ya leo."

"Basi tuumalizie. Mi naitwa Uwamwiza."

Waliumalizia kwa majuma saba, kila siku ya soko, nyuma ya vibanda vya chumvi. Adolphine aliimba ubeti wake kwa Kibembe, Uwamwiza wake kwa Kinyamulenge, na kiitikio wakakiweka katika Kiswahili ili asibaki mtu nje. Bonaventure alipousikia mara ya kwanza aliweka gitaa chini, akasema, "Huu si wimbo wa korali ya kanisa. Huu utachezwa." Akaufanya uchezwe. Siku ile Adolphine alimpenda kupita siku zote.

Na sasa alikuwa amekaa palepale nyuma ya vibanda vya chumvi, siku mbili kabla ya sherehe, akimsimulia Uwamwiza yaliyotokea Swima. Hakuficha kitu. Uwamwiza alisikiliza akichezea ncha ya shuka lake lililofungwa begani.

"Kwetu nako beko banasema," alisema. "Shemeji yangu anataka nikuwe bibi yake, maana ndugu yake alikufa, na kwetu mujane anachukuliwa na ukoo. Nilikataa. Juzi akasema, ukiimba na Babembe, usipande tena mulima, lala kulekule na samaki."

"Ukamujibu nini?"

"Nikamuambia samaki hainuki vibaya kama yeye."

Adolphine alicheka, akacheka tena, na kicheko kikageuka machozi bila kumwuliza. Uwamwiza alimvuta kichwa akakiweka begani. Alinukia moshi na maziwa.

"Unamupenda sana ule mwalimu," alisema.

"Sana. Njo aibu yangu."

"Kupenda si aibu. Sikia, mudogo wangu. Mi nimezika bwana, nimezika na ng'ombe, sina kitu cha kupoteza. We uko na ndoa. Ukitaka kurudi nyuma, rudi. Sitakuchukia. Nitaimba kipande changu peke yangu."

Adolphine alipangusa macho kwa kiganja.

"Kipande chako peke yake ni nusu ya wimbo. Na mi sikuzaliwa nusu. Imba, tuanzie pale juu."

*

Jioni ya Ijumaa, jua likiwa bado juu ya ziwa, alikwenda kwenye kile chumba cha nyuma ya shule ambamo Bonaventure aliweka gitaa, kinanda na betri ya gari iliyoviendesha. Alitaka kaseti yao ya mazoezi. Alijiambia hivyo njia nzima: kaseti tu.

Bonaventure alikuwa peke yake. Alipomwona aliinuka haraka hata benchi likaanguka.

"Umekuja," alisema.

"Nimekuja kuchukua kaseti."

Alimpa. Vidole vyao vikagusana juu ya kile kipande cha plastiki, na hakuna aliyekuwa wa kwanza kuondoa. Mashavu ya Bonaventure yalikuwa yamebonyea. Naye hakuwa amelala, Adolphine aliona, na mkono wake ukataka kwenda wenyewe kwenye shavu lile. Aliuzuia.

"Adolphine, sikia. Nimefikiri. Imba kesho, lakini imba na bamama ya korali. Wimbo ni uleule. Mama atanyamaza, Papa Alphonse atanyamaza, na mi nitakupigia gitaa mupaka kamba zikatike."

"Na Uwamwiza?"

"Ataelewa."

"Hee! Ataelewa." Adolphine alirudisha mkono wake. "Tangu tuzaliwe tunaelewa, Bona. Mama yangu alielewa, bibi yangu alielewa. Mwanamuke akielewa sana banamuwekea mizigo mingine. Hapana. Wimbo si uleule. Ukimutoa yeye, umetoa mufupa, nyama itasimama na nini?"

"Mama yangu alipoteza mutoto!"

"Najua! Na nani alimubebea maji wakati wa matanga? Nani alimukatia nywele? Mi sikumuomba mama yako asahau Nicolas. Na we sikukuomba unipigie vita. Nilitaka tu neno moja la kweli kutoka kinywa chako, mbele yao. Neno moja: 'Gitaa ni yangu.' Ukaniacha pale kama ndagala iliyodondoka njiani."

Bonaventure aliegemea ukuta.

"Hunipendi tena?"

Lo! Wanaume wana maswali. Adolphine alimtazama hadi yale macho ya kahawia yakajaa maji, na yake yakajaa pia.

"Kama sikukupenda, ningecheka," alisema. "Ningeondoka Swima siku ile nikicheza. Kunipenda najua unanipenda, Bona. Lakini unanipenda mu chumba, mulango umefungwa. Mi nataka mwanaume wa kunipenda inje."

Alitoka na kaseti yake. Nyuma yake hakusikia gitaa wala hatua, na alitembea wima mpaka pwani, akiwa ameinua kidevu, ili watu wa Baraka wasijue kwamba kila hatua ilikuwa inamkata.

*

Tarehe nane, Jumamosi, uwanja wa mpira wa Baraka ulijaa vitenge. Wauza samaki walikuja na vyao vya buluu, walimu wa kike na vyao vya kijani, wauguzi, wakulima wa mihogo, wamama wa kanisa na picha ya Bikira mgongoni. Walipita mbele ya jukwaa kwa mistari, wakipiga vigelegele, baadhi wakiwa na viatu na baadhi wakiwa wamevibeba kichwani ili visichakae. Vita vilikuwa vimewachukulia mengi, lakini siku ile hakuna aliyekuja na uso wa msiba.

Uwamwiza alifika saa nne na nusu. Alikuwa ameshuka mlima tangu alfajiri, na hakushuka peke yake. Nyuma yake walikuja wanawake sita wa milimani, wembamba, shingo ndefu, vumbi hadi magotini. Uwanja ulinyamaza kipande kwa kipande walipopita. Mtu mmoja alitema mate. Adolphine alilisikia lile tone likianguka, akashuka jukwaani, akamwendea Uwamwiza, akamshika mkono, na kumpandisha ngazi akiwa amemshika hivyohivyo.

"Gitaa iko wapi?" aliuliza mwanamke wa redio ya hapo Baraka aliyeshika kinasa sauti.

"Leo gitaa haiko," alijibu Adolphine. "Tuko na ngoma."

Ngoma ilikuwa moja, na dumu la plastiki la lita ishirini, vyote mikononi mwa wauza samaki wenzake. Walianza kupiga. Adolphine alitazama watu wale maelfu, akaona kitenge cheupe cha Mama Nicolas katikati ya wamama wa kanisa, akaona koti la Papa Alphonse pembeni, akajikataza kutafuta shati jeupe. Akavuta pumzi.

Aliimba kwa Kibembe habari za bibi yake, aliyelima shamba miaka arobaini na siku ya urithi akaambiwa shamba halina jina lake. Wazee wa kike mbele walianza kutikisa vichwa. Halafu sauti ya Uwamwiza iliingia kwa chini, nzito, na uwanja mzima ukasikia kwa mara ya kwanza lugha ile ikipita kwenye spika bila amri wala tisho. *Haguruka, mukobwa*, aliimba. Inuka, binti. Akaimba mumewe, akaimba mtungi wa maziwa, akaimba mjane aliyekataa kuhesabiwa pamoja na ng'ombe. Wengi hawakujua maneno. Kilio walikijua. Kisha zile sauti mbili zikakutana kwenye kiitikio:

*Nilibeba maji, nilibeba kuni,*
*nilibeba batoto mu mbio ya vita.*
*Leo mi sibebi kitu:*
*leo munibebe mi, kwa jina langu!*

Mara ya pili wauza samaki waliitikia. Mara ya tatu uliitikia uwanja. Wale wanawake sita wa milimani waliinua mikono juu kama pembe za ng'ombe wao, wakacheza kwa kuyumba taratibu, na wasichana wa Baraka wakawaiga wakichekana.

Adolphine aliinua mkono, ngoma ikashuka.

"Bamama!" alipaza sauti. "Kila siku tunaitwa mama ya fulani, bibi ya fulani, binti ya fulani. Leo kila muntu atupe jina lake! Mi naitwa Adolphine!"

"Uwamwiza!"

Kisha, kutoka nyuma kabisa, msichana mmoja akalia jina lake. Na mwingine. Yakaanza kudondoka kama mvua ya kwanza, tone hapa, tone pale, mpaka yakawa mafuriko: mamia ya wanawake wakipiga kelele majina ambayo baadhi yao hawakuyasikia tangu ubatizo. Espérance alilipaza lake hadi mishipa ya shingo ikasimama.

Katikati ya wamama wa kanisa, Mama Nicolas alikuwa amekaa, mikono mapajani, midomo imebana. Majina yalipita juu ya kichwa chake. Adolphine alimtazama kutoka jukwaani, na akaona bega la yule mama likianza kutetemeka. Papa Alphonse naye aliliona, akapenya watu, akamshika mkono.

"Tuende nyumbani."

"Papa, muache mama."

Sauti hiyo haikuwa kubwa. Ilitoka nyuma ya mzee. Bonaventure alikuwa amesimama pale, na safari hii alikuwa haangalii viatu. Mzee aligeuka, akashangaa, na mkono wake ukalegea. Mama Nicolas akainuka. Ilimchukua muda, kama mtu anayetoka kitandani baada ya homa.

"Marie," alisema kwanza, kwa sauti ya kujiuliza. Kisha akakusanya kifua chake chote. "Mi naitwa Marie! Marie, mama ya Nicolas!"

Uwamwiza alimsikia. Hakujua ni nani, lakini uchungu aliutambua, akalichukua jina lile kwenye kipaza sauti, akaliimba: Marie, Marie. Uwanja ukamwitikia, watu maelfu wakimwita mwanamke mmoja.

Sasa ilikuwa imefika ile sehemu ya wimbo ambapo gitaa huingia. Ngoma iliendelea kutembea peke yake, mahali pa gitaa pakabaki wazi kama pengo la jino lililong'oka. Ndipo Adolphine akasikia kitu cha ajabu.

"*Tililiti-ti-tili, tililiti-ti-tili...*"

Bonaventure, mwalimu wa darasa la sita, mtu wa aibu ambaye hakuweza kuomba chumvi mezani bila kushusha macho, alikuwa akiipiga sebene kwa mdomo. Alipanda ngazi akiipiga, jasho likimtiririka, vidole vikikimbia juu ya gitaa lisilokuwapo. Wanafunzi wake walipiga kelele za kufa kwa kicheko. Alikosea, akarudia. Alifika kwenye kipaza sauti, akakiinamia, na sebene ile ikatoka kwenye spika ikiwa na mate na makosa yote, na uwanja wa Baraka ukaruka juu.

Ilipoisha, alishika kipaza sauti kwa mikono miwili.

"Gitaa ya huu wimbo," alisema, akihema, "ni mi niliiweka. Niliogopa kusema. Sasa nimesema."

Adolphine hakumkumbatia. Hakuwa mwanamke wa kununuliwa kwa sebene moja. Lakini aliliona lile tabasamu la upande mmoja, limepinda zaidi kwa hofu, na alilazimika kugeukia ziwa ili uso wake usimsaliti.

*

Baada ya sherehe Marie alimkuta Uwamwiza akinawa miguu kwenye bomba. Alisimama mbele yake. Adolphine alikuwa karibu, tayari kuingia kati.

"Mi sijasamehe," alisema Marie.

"Nami bado, Mama," alijibu Uwamwiza.

Marie alifungua kifurushi alichokuja nacho, akatoa ugali na samaki wa kukaanga.

"Umetoka mbali. Kula."

Uwamwiza alikula amesimama, na Marie hakuondoka mpaka alipomaliza.

Siku tano baadaye, asubuhi, boti ya Uvira ilikuwa inapakia pwani. Redio moja ya kule ilikuwa imetuma ujumbe: walete wale wanawake wawili, tuurekodi wimbo wao vizuri. Uwamwiza alikuwa ameshapanda, ameshika ubao kwa mikono yote miwili. Maishani mwake hakuwahi kukanyaga chombo kisicho na kwato.

Adolphine alikuwa bado mchangani na mkoba wake alipomwona Bonaventure akija mbio, gitaa mgongoni.

"Nimesema nao," alianza kabla hajafika. "Jana, nyumbani, mbele ya Papa Alphonse na mama. Nikasema nitaoa Adolphine, na Adolphine ataimba, na mwenye kuimba naye ataingia kwetu kwa mulango wa mbele. Sauti ilitetemeka. Lakini nilisema yote, sikuruka neno."

"Wakajibu nini?"

"Papa Alphonse alitoka bila kuaga. Mama alilia. Kisha akauliza kama kule Uvira muko na mahali pa kulala." Alishusha gitaa. "Adolphine, sikuombi unisamehe leo. Directeur wa shule amenipa ruhusa ya siku nne tu. Ukitaka, nitakuja; ukikataa, chukua gitaa, uende nayo. Mi nitakungoja hapa."

Upepo wa ziwa ulipeperusha kola ya shati lake. Nahodha alipiga filimbi. Wauza samaki, wabeba mizigo, wanawake wa kufua, wote walikuwa wameacha kazi zao, wakiwaangalia bila haya yoyote.

Adolphine alimtazama mwanaume huyu aliyempenda ndani na ambaye sasa, kwa shida, alikuwa anajifunza kupenda nje.

"Usiningoje," alisema. "Panda."

Bonaventure alivua viatu, akakunja suruali, akaingia majini. Adolphine naye aliingia, maji yakapanda hadi magotini, na palepale, mbele ya Baraka nzima, akaunyosha mkono wake akamshika.

"Haraka, nyinyi wawili!" Uwamwiza alipiga kelele kutoka kwenye ubao wake. "Hiki kitu kinatingisika!"